Kulala Chali Hadi Kajiado

Mimi upole sikupewa. Nasema mapema ili ukisikia nimemfokea mtu usishtuke. Naitwa Keziah, lakini hapa Noonkopir, Kitengela, kila mtu ananijua kama Mama Naliaka, fundi wa nguo. Niko na miaka kumi na tisa kwa kibanda kimoja na cherehani moja. Sare za shule nimeshona, magauni ya kwaya nimeshona, suti za wachungaji wenye vitambi nimeshona. Hakuna mtu amewahi kunirudishia nguo ati haimtoshi. Hata mmoja! Kwa hivyo nilipomwambia binti yangu kwamba yeye ni mfupi, nilikuwa najua ninachosema.

Naliaka alitaka kuwa polisi tangu akiwa darasa la sita. Wasichana wengine walikuwa wakicheza kati na mpira wao wa makaratasi, yeye anapanga watoto wa ploti kwa laini na kuwakagua kucha. Tangazo la kwanza la kuandika makurutu lilipotoka baada ya yeye kumaliza shule, alikuwa na miaka ishirini na miwili. Mahitaji yalikuwa mengi, lakini lililonikaa kichwani ni moja: msichana awe na futi tano na inchi tatu.

Nikamsimamisha kwa mlango wa kibanda, miguu mitupu, visigino ukutani. Tepu ya fundi inaishia inchi sitini, yaani futi tano. Hapo nikapiga mstari wa chaki kwa fremu, nikaanza kupima tena kutoka kwa chaki kwenda juu. Inchi mbili na nusu. Nikarudia. Mbili na nusu.

"Mama, ni nusu inchi tu," akasema.

"Polisi si gauni," nikamjibu. "Hao hawaongezi pindo."

Alilia, na mimi nikamkataza kwenda. Nilisema sitaki mtoto wangu avuliwe viatu mbele ya umati na kuambiwa arudi nyumbani. Miaka miwili baadaye tangazo likatoka tena. Nikapima tena, mlango ni ule ule, tepu ni ile ile, na jibu likawa lile lile. Hakuenda. Akatafuta kazi kwa kiwanda cha nguo huko Athi River, akawa anakunja mashati yanayoenda ng'ambo, siku sita kwa wiki, na akirudi jioni hasemi mengi. Baba yake, Wakhungu, aliniuliza mara moja kama sijakosea. Nikamuuliza suruali aliyovaa ilishonwa na nani.

Halafu miaka ikapita, hakuna tangazo. Lilipokuja sasa, mwezi wa kumi na moja, Naliaka alikuwa na miaka ishirini na minane, na Januari angefikisha ishirini na tisa. Na sheria ilisema wazi: mwisho ni ishirini na nane. Ukivuka hapo umevuka, hakuna kubembelezana. Kwetu nyumbani hakuna aliyehitaji kuelezwa maana yake. Ni mwaka huu ama basi.

Alikuja kibandani na simu mkononi, tangazo likiwa limefunguliwa. "Mama, mimi naenda."

"Unaenda wapi na hizo inchi mbili na nusu?"

"Naenda tu."

Hakupaza sauti, na hilo ndilo lilinichoma zaidi, kwa sababu mimi nilikuwa tayari nimepaza yangu. Nilimwambia maneno ambayo sitaki kuyarudia hapa. Akangoja nimalize, akakunja mkono wa shati, akaenda kumtafuta Sajini Margaret.

Sajini Margaret Simel ni Mmaasai wa upande wa Isinya, mama mrefu, mkavu kama kuni za kiangazi, aliyestaafu polisi akajenga vyumba vya kupangisha hapa kwetu. Sketi zake za kanisa zote nashona mimi. Akipita kibandani ananisalimu, "Takwenya!" nami najibu, "Iko!" na hapo Kimaasai changu kinaishia. Huyo mama alimchukua Naliaka wiki tatu. Saa kumi na moja alfajiri wako barabarani wanakimbia kuelekea Kisaju, Sajini akiwa nyuma kwa bodaboda na filimbi mdomoni. Jioni anamfundisha kusimama wima, kufungua mdomo meno yaonekane, kujibu "Ndiyo, afande" bila kucheka. Alimkagua vyeti: kitambulisho, cheti cha shule, cheti cha tabia njema, barua ya chifu, kila kitu nakala tatu ndani ya bahasha ya plastiki ili mvua isiharibu.

Nilikuwa nasikia yote nikiwa nakanyaga cherehani. Siku moja nikashindwa kunyamaza. "Sajini, utamchosha mtoto bure. Urefu hana."

Sajini akamwangalia Naliaka juu mpaka chini. "Huyu? Huyu anatosha."

"Wewe unapima na macho," nikamwambia. "Mimi napima na tepu."

Akacheka, akasema neno lililonifanya nisilale vizuri. Akasema enzi zake wasichana waliokuwa wanakaribia kipimo walikuwa wanaomba kupimwa asubuhi, kwa sababu mtu akiamka ni mrefu kidogo kuliko jioni. Mgongo unalala usiku unanyooka, mchana ukitembea unajikunja. Alisema hivyo kama mzaha tu, akaenda zake.

Mzaha? Mimi ni mama. Nilimwona binti yangu akirudi kila asubuhi na vumbi mpaka kwa kope, soksi zimetoboka, na anatabasamu! Nilikuwa sijaona hilo tabasamu miaka minne. Moyo wangu wa chuma ukayeyuka. Kesho yake nilimpima kabla hajanywa chai. Mbili na robo tatu! Nikampima jioni. Mbili na nusu. Basi nikapiga hesabu zangu: kama kulala kunaleta robo, na robo imebaki, dawa ni asisimame kabisa. Asiweke mguu chini. Atoke kitandani akiwa amelala, asafiri akiwa amelala, na asimame mara ya kwanza kwa ule mti wa kupimia urefu.

Usajili wetu ulikuwa ufanyike uwanjani Kajiado mjini. Nikaenda kwa Githongo, jirani yangu anayeuza chakula cha kuku na ana pikapu.

"Mama Naliaka, unataka nibebe mtu mzima akiwa amelala kama gunia?" akauliza.

"Gunia ni wewe. Nataka ubebe askari."

"Ngai! Na akija kukaa kama watu, kuna shida gani?"

"Akikaa anapungua!"

Githongo akaona uso wangu, akasema atakuja saa kumi na moja. Nilimweleza Naliaka mpango huo nikitarajia vita. Hakupinga. Alisema tu, "Sawa, Mama," na akaenda kupanga bahasha yake. Nilishangaa, lakini sikuuliza. Nani anauliza baraka imetoka wapi?

Alfajiri ya siku yenyewe Wakhungu alishika upande wa kichwa, Githongo upande wa miguu, wakambeba Naliaka na godoro lake kutoka chumbani mpaka nje. Nilikuwa nimemfunika blanketi kwa sababu ya baridi. Sasa, Aketch wa mlango wa tatu alikuwa ametoka kuteka maji. Akaona watu wawili wanatoa mtu kwa godoro, amefunikwa, mimi nafuata nyuma na kitambaa kichwani. Akadondosha ndoo. Nduru aliyopiga iliamsha ploti nzima. "Uwiii! Naliaka ametuacha!"

"Nyamaza wewe!" nikamwambia. "Hajakuacha popote, anaenda kazi!"

Watu wakatoka na mashuka. Naliaka akatoa mkono kwa blanketi akawapungia, na wale waliokuwa wameanza kulia wakaanza kucheka, na Aketch amenuna mpaka leo.

Wakhungu akabaki nyumbani, mimi nikakaa nyuma ya pikapu pamoja na Naliaka. Barabara ya Namanga ni nzuri, lakini Githongo ana tabia ya kupata kila shimo lililopo. Nikakiweka kichwa cha mtoto mapajani nikakishika kwa mikono miwili kisigongwe. Jua lilitoka tukiwa karibu na Isinya, likampiga usoni, nikamkinga kwa leso yangu. Alifumba macho. Nikaona mvi moja kwa nywele zake fupi, mvi kwa mtoto wangu, nikaomba Mungu kimoyomoyo: robo inchi tu, Baba, wewe uliyeumba milima huwezi kukosa robo inchi.

Mbele kidogo tukasimamishwa. Askari wa barabarani akazunguka nyuma, akaona blanketi, akavua kofia.

"Poleni sana," akasema. "Mnampeleka nyumbani ama mochari?"

"Mochari ya nani?" nikafoka. "Huyu ni mwenzako! Anaenda kuandikwa polisi leo."

Naliaka, akiwa chali, akapiga saluti. "Habari ya asubuhi, afande."

Yule askari alirudi nyuma hatua mbili. Nilimweleza habari ya mgongo na robo inchi, yote, huku nikimwomba asimwambie mtoto aketi. Alishika mlango wa pikapu akacheka mpaka akafuta machozi. Mwishowe akamwambia Githongo aendeshe polepole na asirudie tena kubeba watu nyuma, na akamwambia Naliaka, "Dada, wakikukataa huko, mimi mwenyewe nitaandika barua."

Tulifika Kajiado uwanja umeshajaa. Vijana mamia kwa mamia, wavulana upande mmoja wamevua mashati, wasichana upande mwingine na bukta na fulana, na sisi wazazi nje ya ua wa waya kama mbuzi wa mnadani. Sajini Margaret alikuwa ametangulia. Alipoona Naliaka anashushwa na godoro, uso wake ukabadilika.

"Keziah, umefanya nini?"

"Nimemwongezea urefu."

"Umemlaza saa nzima kwa baridi, na baada ya kupimwa anakimbia! Miguu itakuwa imekauka! Nani alikwambia polisi wanaandika godoro?"

Habari ya miguu sikuwa nimeifikiria hata kidogo. Mimi fundi nilifikiria inchi tu. Naliaka alisimama, akaninong'oneza, "Usijali, Mama," akashika bahasha yake, akaingia kwa lango bila kuangalia nyuma.

Mti wa kupimia ulikuwa karibu na ua, hatua chache tu kutoka kwetu. Mbao ndefu imesimamishwa, ina alama, na afande mmoja mwanamke mwenye sauti kama kengele anashusha kibao juu ya kichwa cha kila msichana. "Tano moja, toka. Tano tano, pita. Tano mbili, toka." Wale wa kutoka walikuwa wanatoka wakiinama, na kila mmoja aliniumiza kana kwamba ni wangu. Nilishika waya kwa mikono miwili.

Zamu ya Naliaka ikafika. Akaweka visigino kwa mbao. Kibao kikashuka.

"Tano nne. Pita."

Nilipiga kelele gani, sijui. Githongo anasema alidhani nimeumwa na nyoka. Nilimkumbatia yeye, nikamkumbatia Sajini, nikamkumbatia mzee mmoja wa shuka nyekundu ambaye hata simjui, na yeye maskini akanipigapiga mgongo akisema, "Ashe, ashe," ambayo Sajini aliniambia ni asante. Nilikuwa naruka. Robo inchi niliomba, nimepewa inchi moja nzima juu ya kipimo!

Halafu nikaacha kuruka.

Tano nne? Kulala kunaleta robo. Hakuna kulala kunaleta inchi moja na nusu, hata ulale wiki. Nikapeleka mkono shingoni, na tepu yangu ilikuwa pale, inakaa hapo kila siku, mpaka kanisani huwa nasahau kuivua.

"Githongo," nikasema, "uko na tepu ya kupimia? Ya chuma?"

Alikuwa nayo chini ya kiti, ile ya kupimia vizimba vya kuku. Tukazilaza zote mbili kwa mlango wa nyuma wa pikapu, sifuri kwa sifuri. Inchi sitini ya tepu yangu ilianguka kwa sitini na moja na karibu nusu ya chuma.

Kitambaa kimevutwa miaka kumi na tisa, kila siku kimezungushwa viuno na vifua vya watu, kimenyooka kama lastiki iliyochoka, na mimi sikujua. Ningejuaje? Mwili naupima na tepu hiyo, na kitambaa nakikata na tepu hiyo hiyo. Ikidanganya kwa mwili inadanganya kwa kitambaa pia, uongo kwa uongo, na gauni linakaa sawasawa! Wateja wote walitoka wametosheka. Mtu pekee aliyepimwa na tepu yangu halafu akalinganishwa na kipimo cha serikali alikuwa mtoto wangu.

Mara mbili. Mara mbili nilimzuia. Alikuwa na urefu akiwa na ishirini na miwili, alikuwa na urefu akiwa na ishirini na minne, na mimi nilimkalisha nyumbani nikijisifu. Niliona aibu mpaka masikio yakawaka. Niliketi kwa ukingo wa pikapu nikalia, na si kilio cha kupendeza.

Sajini aliona zile tepu mbili, akaelewa. Hakunicheka. Aliniambia, "Simama, Keziah. Lia kesho. Mtoto anakimbia sasa."

Na kweli walikuwa wamepangwa. Walikuwa wasichana tisini hivi waliopita urefu, na walihitajika wachache sana. Mizunguko sita ya uwanja, ukibaki nyuma umeenda nyumbani. Filimbi ikalia. Woiye! Wasichana waliruka kama ndama waliofunguliwa, na wangu akabaki nyuma, anachechemea, anakanyaga kama mtu aliyevaa buti za mwingine. Mzunguko wa kwanza alikuwa karibu mwisho. Nilijua ni kwa nini. Nilimpunguza na tepu, sasa nimemkausha na godoro. Kama angekosa leo, na Januari inakuja, ningeishi vipi naye nyumba moja?

"Ameanza polepole kwa sababu nilimwambia," Sajini akasema, lakini niliona anang'ata filimbi yake.

Mzunguko wa pili miguu ikapata moto. Unajua mtu akikimbia na mwili wake umekubali? Mabega yakashuka, hatua ikawa ndefu. Wale waliotoka mbio mwanzoni wakaanza kushika mbavu. Wa tatu, akapita kundi zima. Wa nne, nikashindwa kusimama. Nilivua viatu vyangu vya kanisa, nikavishika mkononi, nikakimbia nje ya ua sambamba naye, mimi wa miaka hamsini na nne, magoti mabovu na sketi ya kubana niliyojishonea mwenyewe.

"Naliaka! Twende! Usiangalie mtu! Twende mama!"

Watu walinipisha njia. Wengine walinishangilia kuliko wakimbiaji. Sketi ikapasuka kwa mshono wa pembeni na sikujali. Alinisikia, najua alinisikia, kwa sababu aliongeza. Mzunguko wa mwisho kulikuwa na wasichana watatu mbele yake, wembamba, wa huko Ewuaso Kedong, wanakimbia kama wametumwa dukani na chai iko motoni. Wawili hakuwapata. Wa tatu alimpata mita za mwisho, akavuka wa tatu. Wa tatu kati ya tisini! Nililala kwa nyasi za nje nikihema, na mama mmoja anayeuza mayai akanimwagia maji usoni bila kuniuliza.

Kisha ikawa kungoja. Meno, macho, nyayo, vyeti. Tuliona afande akishika kitambulisho chake, akihesabu miaka kwa vidole, akimwita mwenzake. Wakazungumza. Mwenzake akatazama tarehe, akatikisa kichwa kukubali, akamrudishia. Ishirini na nane bado ni ishirini na nane, hata kama imebaki miezi miwili.

Saa tisa afande mkuu akapanda juu ya meza na kipaza sauti kusoma namba za waliochaguliwa. Na hapa nikiri, ya Naliaka niliikosa. Mimi, mama mzazi! Kuna mwanamume alikuwa amefungua mwavuli mbele yangu, na nilikuwa namwambia kwamba jua si lake peke yake na aufunge kabla sijaufunga mimi. Alikuwa anajibu. Nilikuwa bado napanga la kumrudishia nilipohisi Githongo ananitikisa mabega.

"Mia moja na kumi na saba! Mama Naliaka, si ni yeye? Si ameandikwa mkononi mia moja na kumi na saba?"

Uwanjani Naliaka alikuwa amepiga magoti, uso kwenye mikono, wasichana wengine wanampigapiga mgongo. Sajini Margaret, yule mkavu, alikuwa analia wazi bila kujipangusa. Hata yule wa mwavuli akaufunga, akanipa mkono.

Waliwapa barua zao, wakawaruhusu dakika tano waje kwa lango kusalimia watu wao kabla ya kupangwa tena. Alikuja na vumbi mpaka kwa meno, barua mkononi. Kila mtu alitaka kumshika. Mimi nilisimama mbali kidogo. Nilikuwa nimejitayarisha kusema, na nikasema, kwa sababu kitu kikinikaa kooni kinaniua.

"Naliaka, tepu yangu imevutika. Ni mbovu. Wewe ulikuwa tano nne siku zote. Ulitosha mara ya kwanza, ukatosha mara ya pili, na mimi nikakuzuia mara zote mbili. Ni mimi. Nisamehe."

Alinitazama. "Najua, Mama."

"Unajua nini?"

"Nilipoandikwa kiwandani, daktari wao alinipima. Tano nne."

"Hiyo si miaka mitatu iliyopita?"

"Ndiyo. Lakini tangazo la pili lilikuwa limeshapita. Ningekuambia ungejitafuna bure mpaka uache kushona. Nikasema likitoka lingine nitaenda tu."

Hasira ikanipanda palepale, hasira yangu ya kawaida, nilikuwa nimeikosa. "Kwa hivyo leo umelala chali kutoka Kitengela mpaka Kajiado, Aketch amekulilia matanga, askari amekuvulia kofia, miguu imekauka nusura ukose, na wakati huo wote ulijua urefu uko nao?"

"Nilikuwa nanyoosha vidole vya miguu chini ya blanketi njia nzima, isikauke. Sajini alinifundisha."

"Sikuulizi vidole! Nakuuliza kwa nini ulikubali!"

Alifuta jasho kwa mkono wenye namba. Alikuwa anacheka kidogo na kulia kidogo.

"Mama, tangu nizaliwe hujawahi kukaa na mimi saa nzima bila cherehani. Ulikuwa umenishika kichwa. Ningekwambia nini?"

Nilimvuta, vumbi na jasho na barua na kila kitu, nikamshika kile kichwa tena kwa mikono miwili, na akaniacha nikishike mpaka filimbi ikalia.

"Makurutu! Laini!"

Akachomoka akakimbia. Nilipanda juu ya pikapu ya Githongo na sketi yangu iliyopasuka, nikapiga vigelegele mpaka afande mkuu akageuka kutafuta ni nani. "Ni mimi!" nikamwambia. "Mama ya mia moja na kumi na saba! Wa futi tano na inchi nne!" Naliaka alikuwa amesimama wima kwa laini, mikono mbavuni, hakugeuza shingo. Lakini niliona mabega yanatikisika, na nikajua anacheka.